Magugu yaliingia saa nane: kisa cha dairekta mmoja wa Kisumu

Tulikua tumekaa, mimi na rafiki yangu dairekta, kwa ile nyumba yake ya Nyalenda, saa saba usiku, feni inazunguka na kompyuta imepata moto mpaka unaogopa kuigusa, akasimamisha picha. Akarudisha nyuma. Akasimamisha tena. Kwa shoti ya kwanza mama mwenye boti amesimama ukingoni pale Dunga, ufuo wa Ziwa Victoria, na nyuma yake ziwa liko wazi, maji matupu hadi unaona vilima vya ng'ambo. Shoti ya pili ni klozapu, uso kwa karibu, mama ni yule yule, maneno ni yale yale, machozi ni yale yale, lakini nyuma yake ni kijani tupu. Magugu maji. Ziwa limepotea akiwa katikati ya sentensi.

Alinyamaza kama dakika mbili hivi alafu akaniambia, "Omera, hii niliipiga mimi mwenyewe, jicho langu lilikua hapo hapo kwa kamera, sasa sikuona aje?"

Hilo swali limenikaa kichwani tangu siku hiyo na ndio nimeamua kuandika hiki kisa chote, juu najua kuna vijana wengi hapa Kisumu, Kakamega, Nakuru wanaofanya hii kazi vile yeye alikua anafanya. Nilimuomba ruhusa akasema andika yote mpaka ya pesa, ila usiweke jina langu wala la prodyusa wala la stesheni. Basi nitamwita Dairekta tu. Mimi nilikua namsaidia kuedit, na tumejuana zaidi ya miaka kumi na tano, kwa hivyo mengi nitakayosema niliyaona.

Kwanza lazima mjue ametoka wapi, la sivyo mtamlaumu bure. Huyu dada alianzia kwa drama ya shule, yale mashindano ya kila mwaka, na alipomaliza Form Four akaingia setbuku. Mtu wa huku anajua setbuku ni nini: waigizaji kama kumi, matatu moja ya kukodi, mnazunguka Vihiga, Siaya, Kericho mpaka Nakuru mkiigizia wanafunzi vitabu vya KCSE, ule mtihani wa Form Four, asubuhi shule moja, mchana nyingine, jioni mnalala mahali popote prinsipo atawapa. Hakuna maiki. Kuna wanafunzi mia sita kwa ukumbi wa chakula na wale wa nyuma wakianza kuongea ujue umewapoteza. Huko ndiko alijifunza kuongoza waigizaji, na alikua pia anashona mavazi, anapiga simu za kutafuta shule, na mwenzake akishikwa na malaria anaingia kwa sehemu yake jioni hiyo hiyo bila kulialia.

Shida ya setbuku ni kwamba mitihani ikianza pesa inaisha, mnakaa mpaka mwaka mwingine. Ndio akakopa kamera akaanza kushuti harusi, na baada ya harusi akaingia matanga, na hapa nataka nikae kidogo juu watu wa mbali hawajui matanga ya huku yanafundisha mtu kiasi gani. Matanga ni prodakshen kamili. Kuna msafara wa kutoka mochari, kuna mkesha wenye taa za jenereta, kuna hotuba kuanzia saa nne mpaka jua linaanza kuteremka, kuna skrini kubwa ya wale wamekaa nje ya tenti, na kuna watoto wa marehemu wako Marekani na Uingereza wanataka kuona kila kitu laivu na wakikosa kuona jeneza likishuka hawatakusamehe. Huwezi kuambia mjane arudie kurusha udongo. Kwa hivyo unajifunza kusoma watu, unajua huyu mzee ataamka sasa, huyu mama anakaribia kuzimia, unahamisha traipodi kabla mambo hayajatokea. Dairekta alijifunza kuona mbele kule, na ndio maana waigizaji wake hawaonekani kama wanangoja kuambiwa waanze.

Matanga pia ndio yalimfundisha taa. Mara ya kwanza alishuti mkesha, picha yote ilikua inatetemeka mistari mistari, familia ikakataa kumlipa iliyobaki, na alikaa na hiyo aibu wiki nzima mpaka fundi mmoja akamuelezea kwamba umeme wetu ni wa hertz 50, kwa hivyo ukishuti fremu 25 kwa sekunde weka shata, ile kasi ya kamera kufunguka na kufunga, kwa 1/50 ya sekunde na taa zitatulia. Hakuna mwalimu alimwambia. Chuo cha serikali cha mambo ya utangazaji na filamu, KIMC, kipo tangu 1961 lakini kiko Nairobi, na yeye hakua na karo ya Nairobi.

Baada ya hapo zikaja video za muziki wa ohangla na benga, alafu mashirika ya afya ambayo yamejaa hapa Kisumu na kila moja linataka dokyumentari ya dakika tano, na huko akajifunza kuandika skripti juu shirika halikupi pesa bila kuona karatasi. Alafu runinga. Nchi ilizima mitambo ya analogi 2015, stesheni zikawa nyingi, na sheria ya utangazaji inataka angalau asilimia 40 ya vipindi viwe vya hapa nyumbani, kwa hivyo ghafla kukawa na watu wa Nairobi wanatafuta hadithi za mikoani na watu wa bei nafuu wa kuzishuti.

Ukijumlisha, alikua anaweza kuongoza, kuandika, kushika kamera na kuedit, na zote alizijua vizuri. Kuna watu wanasema mtu wa kila kitu hajui chochote, sikubaliani na hayo maneno hata kidogo. Alijifunza kazi nne juu soko la huku halingelipa watu wanne, na hiyo sio makosa yake. Wakubwa pia wako hivyo. Lupita Nyong'o, ambaye kwao ni hapa Kisumu, kabla ya Oscar yake ya 2014 alikua ashafanya kazi nyuma ya kamera na ashaongoza dokyumentari yake mwenyewe. Marekani kuna Steven Soderbergh, anaongoza filamu, anashika kamera yake akitumia jina la Peter Andrews, na anaedit akitumia jina la Mary Ann Bernard, majina aliyotoa kwa wazazi wake. Lakini angalia vizuri huyo Soderbergh. Hata akishika kamera, kuna mtu kazi yake ni kuzungusha fokasi peke yake, kuna mtu wa taa, na kuna mtu amekaa na daftari anaandika kikombe kilikua mkono gani. Dairekta wetu hakua na hao watu, alikua na kijana mmoja wa kubeba betri na mwingine wa saundi.

Sasa kazi yenyewe. Prodyusa alimpigia kutoka Nairobi, ashapata nafasi kwa stesheni moja ya tamthilia ya vipindi sita vya nusu saa, familia ya wavuvi inagombania boti baada ya baba kufariki. Maneno yake ya kwanza yalikua, "Nimeskia wewe unafanya kila kitu." Dairekta alifurahi sana, aliniambia siku hiyo hiyo tukiwa tunakula samaki, na mimi pia nilifurahi, sitadanganya. Hakuna kati yetu aliyeskia kitu kibaya kwa hiyo sentensi.

Skripti ilipokuja ilikua imeandikwa na mtu ambaye naamini hajawahi kuona omena, wale samaki wadogo wa ziwa, ikianikwa. Wavuvi wanatoka asubuhi na kurudi jioni na omena, wakati kila mtu hapa anajua omena inavuliwa usiku kwa taa. Mama mkwe anaongea kama mtangazaji wa habari. Dairekta alikaa usiku kumi akaiandika upya karibu yote, bila kuomba hata shilingi, juu alikua anaona aibu mamake aione vile ilikua.

Alafu kotesheni, ile karatasi ya bei. Niliiona, ilikua na mstari mmoja: utengenezaji wa video siku 12, pamoja na kuedit, 360,000. Prodyusa akakubali bila hata kupunguza, na hapo tu tungejua. Baadaye tulikaa chini na kalamu tukaivunja kwa bei zetu za kukodishiana hapa mjini. Kamera yake na lenzi, 9,000 kwa siku mara 12, ni 108,000. Taa na vifaa vya saundi 5,000 kwa siku, 60,000. Kuedit vipindi sita kwa 20,000 kila kimoja, ambayo ni bei ya urafiki, 120,000. Hapo umefika 288,000. Imebaki 72,000, na ukitoa ile kodi ya asilimia 5 ambayo prodyusa alikata na kupeleka KRA, watu wa ushuru, yaani 18,000, imebaki 54,000 kwa siku 12. Ni 4,500 kwa siku, na hiyo ndio pesa ya dairekta, mpiga picha na mwandishi, watu watatu ndani ya mwili mmoja, 1,500 kila mtu. Na hapo bado hajatoa ya kijana wa betri. Alipoona hiyo hesabu aliweka kalamu chini akaenda nje kwa veranda.

Lakini turudi Dunga, siku ya nne ya shuti. Yeye ndiye alikua ameenda kuongea na viongozi wa BMU, wale wasimamizi wa ufuo, wiki moja kabla, akakaa nao akaeleza hadithi, wakampa mzee mmoja wa kutuongoza, jaduong' mpole sana ambaye amevua kwa hilo ziwa tangu akiwa kijana. Sini ilikua moja tu ya maana siku hiyo: mama anaambia mtoto wake wa kwanza kwamba boti haiuzwi. Mama aliigizwa na mwenzetu wa zamani wa setbuku, na huyo mama akilia analia kweli, haigizi, kwa hivyo unampata mara moja, mara mbili akiwa na nguvu, basi.

Asubuhi kama saa tatu wakashuti zile za mbali, mama mdogo mbele ya maji makubwa, boti zimerudi, ndege weupe wamejaa. Nzuri sana. Alafu ikaja injini ya boti ikaharibu saundi, likaja wingu, wakala chakula, na saa nane kasoro wakarudi kwa klozapu. Sasa mtu wa Dunga anajua mchana upepo hugeuka, unatoka ziwani unaingia nchi kavu, na ukiwa na nguvu unasukuma yale magugu kama mtu anavuta blanketi. Unaweza kuwa na maji wazi, unaenda kunywa chai, unarudi unapata nyasi mpaka ukingoni.

Yeye alikua amefungua lenzi mpaka mwisho ili nyuma iwe na ukungu, na ukifungua lenzi hivyo fokasi inakua nyembamba, mama akiinama kidogo tu macho yanapotea yanabaki masikio. Kwa hivyo kwa dakika nne nzima kitu pekee alichokua anaangalia ni kope za huyo mama. Monita ilikua ile ndogo ya kwa kamera, ukubwa wa simu, jua linaipiga. Mkono wa kushoto uko kwa pete ya fokasi, wa kulia umeshika kamera, sikio moja liko kwa saundi, na akili inahesabu saa juu bado kulikua na sini mbili za jioni, na Kisumu iko hapa hapa kwa ikweta, jua likifika saa kumi na mbili na nusu hivi unaanza kukimbizana na dakika, giza linashuka haraka.

Na hii ndio sehemu ambayo mpaka leo ikinijia naskia vibaya. Katikati ya teki ya pili jaduong' alisogea nyuma yake akasema kwa sauti ya chini, "Nyathina, haya magugu yanaingia." Dairekta hakugeuka. Aliinua mkono wa kushoto kutoka kwa pete, kiganja wazi, kumaanisha nyamaza mzee saundi inarekodi, akarudisha mkono. Mzee akanyamaza. Tuliikuta hiyo sauti usiku ule tukiedit, iko wazi kabisa kwa maiki, mtu alimwambia na hakuskia juu alikua kazini mahali pengine.

Maoni yangu ni haya. Jicho la mpiga picha linafaa kuwa ndani ya fremu, kwa kile kitu kidogo chenye uhai. Jicho la dairekta linafaa kuwa kwa mama mzima, na kwa mtoto anayemskiza, na kwa kama hayo maneno yanaaminika. Jicho la mtu wa kontinyuiti, yule wa daftari anayehakikisha shoti zinafanana, linafaa kuwa kwa takataka zote zilizobaki, kitenge kimefungwa upande gani, ndoo ina maji, jua liko wapi, ziwa lina rangi gani. Hayo macho matatu hayawezi kukaa kwa uso mmoja dakika moja. Anaweza kuwa na ujuzi wa yote matatu, na alikua nao, lakini ujuzi na zamu ni vitu tofauti. Dereva anaweza kujua kuendesha matatu na kujua kukusanya nauli, hawezi kufanya zote akiwa kwa mteremko wa Maseno.

Sasa angalia vile aliitatua. Kurudia sini ilikua ngumu, mama ashaenda kwao Busia, pesa hakuna, na prodyusa anataka kipindi cha kwanza Ijumaa. Mimi nilikua nishasema tukate shoti ya mbali tubaki na kijani tu. Yeye alikua anarudia ile sauti ya mzee, magugu yanaingia, magugu yanaingia, alafu akafungua skripti kwa simu akaniuliza, "Kwani huyu mtoto anataka kuuza boti lini?" Nikamwambia kesho yake asubuhi. Akasema, "Basi kesho boti haitoki."

Alfajiri alienda Dunga akamuomba jaduong' msamaha kwanza, tena kwa heshima, alafu akamuomba ruhusa ya kutumia sauti yake na kumshuti uso, akamlipa kama mwigizaji yeyote yule. Akashuti magugu yenyewe yakisogea, karibu sana, maua yake ya zambarau yakigonga mbao za boti. Tukaweka hiyo katikati: mama anaanza kuongea ziwa likiwa wazi, tunaskia mzee anasema magugu yanaingia, tunaona magugu, tunarudi kwa mama na nyuma yake kijani kimejaa na yeye bado analia boti haiuzwi. Kosa likageuka kuwa ndio sababu boti haikuuzwa. Akaandika upya kurasa mbili za kipindi cha pili zifuate hapo.

Hiyo isingewezekana kama mwandishi angekua Nairobi na mwediti mahali pengine na dairekta pengine. Mwediti angeandika ripoti, ripoti ingekaa kwa simu ya mtu siku mbili. Yeye alikua na skripti kichwani, picha machoni na mkasi mkononi, ndio aliweza kulimaliza kwa usiku mmoja. Kwa hivyo mtu asiniambie dawa ni achague kazi moja aachane na zingine. Kuandika na kuongoza na kuedit zinafuatana kwa wakati, moja inaisha nyingine inaanza, unaweza kuzibeba. Kuongoza na kushika kamera kwa tamthilia zinagombania dakika moja. Matanga ni tofauti, pale hauongozi mtu, unafuata.

Kipindi cha kwanza kilionyeshwa Ijumaa usiku. Tulienda kukiangalia kwao, upande wa Ahero, mamake alikua amechinja kuku, majirani wamejaa mpaka mlangoni, watoto wamekaa chini. Wakati wa magugu chumba chote kilinyamaza, mzee mmoja akasema "kweli kabisa." Alafu yakaja majina. Dairekta: jina la prodyusa. Skripti: yule wa kwanza, peke yake. Mwediti: mtu simjui. Jina lake likapita karibu na mwisho, chini ya kamera, haraka haraka. Mamake alikua anajua kusoma vizuri, alikua mwalimu wa nasari. Akamgeukia akamuuliza polepole, "Si ulisema wewe ndio dairekta?" Na haki sijawahi kuona mtu mzima akikosa jibu hivyo mbele ya mamake.

Wiki iliyofuata tukaanza kusoma sheria, kitu tungefanya kabla. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 inasema mwenye filamu, yule anaitwa mtunzi wa kazi ya picha na sauti, ni mtu aliyefanya mipango ya filamu kutengenezwa. Haisemi ni dairekta. Kwa hivyo ukiwa wewe mwenyewe umetafuta pesa, umepanga watu na mahali, filamu ni yako, lakini ukiletewa kazi na prodyusa aliyepanga, wewe unaweza kuongoza mpaka usiku wa manane na kisheria filamu si yako. Na kazi ya kuagizwa, hakimiliki inaenda kwa aliyeagiza, isipokua mmeandikiana vingine. Hapo alikua hana mlango. Mlango uliobaki ulikua mdogo: skripti ni kazi ya fasihi, aliyeiandika ndiye mtunzi wake, na haki ya mtunzi kutambuliwa kwa jina inabaki yake hata kama haki za pesa zimeenda. Na alikua na rasimu zote kwa imeili, zina tarehe, na prodyusa ashajibu "safi sana." Pia kila asubuhi ya shuti alikua anatuma kolshiti, ratiba ya siku, kwa WhatsApp, na pale juu yake imeandikwa Dairekta na jina lake, na prodyusa anaweka dole gumba. Siku kumi na mbili, dole gumba kumi na mbili.

Wakakutana kwa hoteli moja hapa mjini. Prodyusa hakua mkali, na hiyo iliuma zaidi. Alitoa kotesheni akasema, "Dadangu, wewe mwenyewe uliandika video na kuedit, wapi umeandika kuongoza?" Na kwa karatasi alikua sawa. Mimi namlaumu bado, sana, juu alijua kila siku nani anasema "kata" na akaweka jina lake pale, hiyo ni kuchukua kitu cha mtu. Lakini yeye Dairekta aliniambia tukirudi kwa boda kwamba ile karatasi yeye ndiye alimpa.

Walikubaliana hivi: kuanzia kipindi cha tatu jina lake likae kama dairekta na kama mwandishi mwenza, aongezwe 60,000 za kuedit, na vipindi viwili vya kwanza vibaki vilivyo juu vishatoka. Haki za tamthilia zote zikabaki kwa prodyusa. Watu wengine walimwambia angeenda mahakamani. Mimi nadhani alipata kile kingepatikana.

Kitu kilichobadilika ni karatasi zake. Kotesheni ya sasa ina mistari: kuongoza, kuandika, kamera, kukodi vifaa, kontinyuiti, kuedit, na kila mstari una bei yake na jina litakaloandikwa mwishoni. Mteja akitaka kupunguza pesa anafuta mstari, na mstari ukifutwa hiyo kazi haifanyi. Skripti anaisajili kwanza kwa bodi ya hakimiliki, KECOBO, kabla ya kumtumia mtu yeyote. Yule kijana wa betri amemfundisha kamera mpaka sasa anampita kwa fokasi, na amepata msichana mmoja, zamani alikua anaweka rekodi za duka la jumla Kibuye, ambaye kila shoti ikiisha anapiga picha na simu, mbele na nyuma, na anaandika upepo unatoka wapi. Matanga bado anafanya mwenyewe kila kitu, hapo hajabadilika.

Mwezi uliopita alipigiwa na mtu wa Nakuru, tamthilia ya vipindi vinane, na huyo pia alianza na nimeskia wewe unafanya kila kitu. Akamtumia ile kotesheni ya mistari. Jamaa alikaa siku tatu kimya, tukadhani amekimbia, alafu akairudisha amefuta kamera na vifaa, amesema ana watu wake, amebakisha kuongoza, kuandika na yule msichana wa kontinyuiti. Bei ya kuongoza peke yake ilikua zaidi ya ile pesa yote iliyobaki kwa kazi ya Dunga.

Ameondoka Jumatatu na begi moja ya nguo na daftari. Kamera ameiacha hapa kwangu, iko juu ya kabati, betri zimejaa chaji, na jana usiku amenipigia kuniuliza kama nimeifunika vumbi.